Beit al-Sahel, nyumba ambayo bibi yangu aliishia getini

Mwisho wa mwaka 2024 bibi alinipigia simu usiku, na bibi hapigi simu usiku ila kuna msiba. Nikapokea nishasimama. Akasema, "Jamshid kafa huko Maskati." Kimya. Nikasema innalillahi, alafu nikamuuliza kwani bibi ulikuwa ukimfahamu? Akasema, "Nani asomfahamu, ila mie nilikuwa nalijua geti lao tu." Akaniaga akakata.

Kwa wasiojua, Jamshid bin Abdullah ndo alikuwa sultani wa mwisho wa Zanzibar. Alikalia kiti kuanzia Julai 1963 mpaka tarehe 12 Januari 1964, siku ya mapinduzi, akaondoka na familia yake kwa meli mpaka Dar es Salaam na kutoka hapo Uingereza, akakaa huko zaidi ya miaka 50, Oman wakamkubalia kwenda kuishi kwao mwaka 2020, na tarehe 30 Desemba 2024 akafariki ana miaka 95. Nyumba aliyotoka asubuhi ile bado ipo pale pale Mizingani. Nimekuwa nikitaka kuiandika kwa mda mrefu na ile simu ya bibi ndo imenisukuma.

Ukisimama Forodhani bahari ukaipa mgongo, mbele yako ni Ngome Kongwe, kushoto kwake Beit al-Ajaib, na ukiendelea kushoto kidogo unaliona jumba jeupe, pana, lenye ukuta wa meno meno juu na madirisha mengi yanayotazama bahari. Hilo ndo Beit al-Sahel, yani nyumba ya pwani. Wengine wanaliita Kasri, wengine Palace, zote sawa. Wageni wengi wanapita wanaenda kula urojo na kupiga picha jua likizama, hata sisi wenyewe wa mjini tunalipita tu. Bibi kazaliwa Malindi na kakulia Malindi, dakika chache kwa mguu, na mpaka anafika miaka 69 alikuwa hajaingia ndani hata siku moja.

Mwaka 2015 nilienda likizo nikamwambia bibi leo tunaenda Kasri. Akakataa. Akasema goti, akasema jua, akasema kule watu wa kwenda ni wazungu. Baada ya Alasiri nikamkuta kashavaa buibui jipya kakaa barazani ananisubiri.

Sasa kitu cha kwanza alichokifanya bibi baada ya kukata tiketi hakikuwa kutazama picha wala viti, aliuweka mkono wake ukutani akaupapasa. "Chokaa hii," akasema, "tia mkono uone ubaridi wake." Kweli nje kulikuwa kunawaka moto na ule ukuta ulikuwa baridi kama mtungi. Kuta za nyumba hizi ni mawe ya matumbawe, yameshikizwa na chokaa ambayo nayo imetoka kwenye mawe hayo hayo, yakachomwa kwenye tanuu mpaka yakawa unga. Unene wake unapita mkono wangu kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole. Na tazama dari ya nyumba yoyote ya zamani Mji Mkongwe, utaona boriti za mikoko zimepangwa karibu karibu, na boriti haiwi ndefu, mti wa mkoko una mwisho wake, kwahiyo fundi alikuwa hawezi kujenga chumba kipana kuliko boriti zake. Ndo maana vyumba vya mjini vinakuwa virefu na vyembamba, cha tajiri na cha maskini. Mimi nimekulia kwenye vyumba vile na sikuwahi kujiuliza kwanini, mpaka siku ile bibi alivyokuwa anaangalia juu anahesabu boriti kwa kidole.

Jumba la kwanza hapa alilijenga Seyyid Said bin Sultan, sultani wa Oman na Zanzibar, mwanzoni mwa miaka ya 1830 hivi, wakati anaiona Unguja inafaa kuliko Maskati. Alikuwa na nyumba nyingine Mtoni, kilomita chache nje ya mji, na ya mjini ndo hii. Hapa palikuwa ni maisha ya watu wengi mno, wake, masuria, watoto kwa makumi, walinzi, wapishi, na watumwa. Hili la mwisho nalisema wazi kwasababu kuna watu wakielezea kasri wanaelezea marumaru na marashi tu. Utajiri wa nyumba ile ulikuwa karafuu na pembe na watu waliouzwa, na mashamba ya karafuu yalilimwa na watumwa. Aliyebeba maji kupandisha zile ngazi hana jina popote ndani ya lile jumba, na mimi nikiingia humo ndo mtu wa kwanza ninayemuwaza.

Anayetusaidia kuona maisha ya ndani ni Salme, binti wa Seyyid Said, aliyezaliwa Mtoni mwaka 1844. Ana chumba chake ndani ya Kasri, ambalo siku hizi ni makumbusho. Huyu alijifundisha kuandika mwenyewe kwa siri, wakati watoto wa kike walikuwa wanafundishwa kusoma Qur'ani tu bila kuandika, na ubao wake ulikuwa mfupa wa bega la ngamia. Kule kujua kuandika kukamtia matatani maana mwaka 1859 kaka yake Barghash alipotaka kumpindua kaka yao mwingine Majid, aliyekuwa sultani, Salme ndo akawa mwandishi wa barua za njama ile, akiwa na miaka 15. Barghash akapelekwa Bombay. Mwaka 1866 Salme akaondoka kisirisiri kwa manowari ya Waingereza mpaka Aden kwasababu alikuwa na mimba ya mfanyabiashara wa Kijerumani, Heinrich Ruete, wakaoana Aden akabatizwa akaitwa Emily, wakaenda Hamburg, na miaka mitatu tu baadae mume akafa kwa ajali ya tramu. Akabaki na watoto watatu nchi ya baridi, na mwaka 1886 akatoa kitabu kwa Kijerumani cha maisha yake, ambamo ameelezea ua wa Beit al-Sahel kwa kelele zake na harufu zake zote, watu wanachinja, wanapika, wanagombana, watoto wanakimbia katikati. Alikufa Ujerumani mwaka 1924 na kwenye kaburi lake walitia mchanga wa ufukwe wa Zanzibar aliokuwa anatembea nao miaka yote.

Bibi alikaa sana kwenye chumba kile. Nilimsomea maelezo yote ya ukutani maana miwani alikuwa kasahau. Nilipofika kwenye mchanga akasema "maskini mwanamke," akavuta kiti cha mlinzi akakaa, na yule mlinzi, kijana mdogo tu, akaenda kumletea maji.

Barghash huyo huyo alikuja kuwa sultani mwaka 1870 na ndo aliyeubadilisha mji. Alileta maji ya bomba kutoka chemchemi za Chemchem, na mwaka 1883 akajenga Beit al-Ajaib, jumba la kifahari la sherehe, nguzo zake za chuma, baadae likaja kuwa na umeme na lifti watu wakashangaa ndo likapata jina. Katikati ya hilo na Beit al-Sahel palikuwa na jumba la tatu, Beit al-Hukm, la wanawake wa nyumba ya sultani. Majumba yote matatu yaliunganishwa kwa njia za juu zilizofunikwa, kwahiyo mwanamke wa kasri anaweza kutoka nyumba moja kwenda nyingine bila kuonwa na mtu wa barabarani. Ukisimama dirisha la upande wa Beit al-Ajaib leo unaona bustani na nafasi tupu. Hapo ndo palikuwa Beit al-Hukm. Na lilivyoondoka ni habari ambayo kila mtoto wa Zanzibar inabidi aijue vizuri.

Tarehe 25 Agosti 1896 Sultani Hamad bin Thuwaini alikufa ghafla. Jioni haijafika, Khalid, mtoto wa Barghash, akaingia Kasri na watu wake akajitangaza sultani. Wakati huo Zanzibar ilikuwa chini ya himaya ya Waingereza, nao walikuwa washamchagua mtu wao, Hamud bin Muhammed, na kwa makubaliano yao hakuna anayekaa kwenye kiti bila ridhaa yao. Wakampa Khalid mpaka saa tatu kamili asubuhi ya tarehe 27 ashushe bendera atoke. Bandarini wakapanga manowari tano, zote zimeelekeza mizinga Kasri, umbali ambao ukisimama dirishani unaona mtu anatembea juu ya meli. Khalid hakutoka. Inasemwa hakuamini kwamba watapiga, na mimi kwakweli naelewa, nani ataamini kwamba mtu atapiga mizinga nyumba iliyojaa watu katikati ya mji.

Saa tatu na dakika mbili wakaanza. Ndani ya dakika 40 hivi kila kitu kilikuwa kimekwisha. Beit al-Hukm ikabomoka, Beit al-Sahel ikapasuliwa vibaya, mnara uliokuwa mbele ya Beit al-Ajaib ukaharibiwa, meli ya sultani iitwayo Glasgow ikazamishwa pale pale bandarini na milingoti yake ikabaki inachungulia juu ya maji kwa miaka. Watu wapatao 500 wa upande wa Kasri walikufa au kujeruhiwa. Upande wa Waingereza alijeruhiwa baharia mmoja. Watu wanaiita vita fupi kuliko zote duniani, wanaiweka kwenye maswali ya chemsha bongo, wanacheka. Mi huwa nakasirika kabisa. Watu 500 kwenye eneo ambalo unalizunguka kwa dakika tano! Walikuwemo askari, na walikuwemo watumwa na watumishi waliokuwa humo kwasababu ndo kazini kwao na ndo nyumbani kwao, hawana pa kukimbilia.

Khalid mwenyewe alipita mlango wa nyuma akakimbilia kwa balozi wa Ujerumani. Alikaa humo wiki kadhaa, Waingereza wanamsubiri nje, mpaka siku moja maji yalipojaa kabisa boti ya Wajerumani ikasogea mpaka kwenye ua wa nyumba ile, akapanda bila kukanyaga barabara, akapelekwa Dar es Salaam. Waingereza walikuja kumshika mwaka 1916 kwenye vita kuu ya kwanza, wakamzungusha Shelisheli na St Helena, akafia Mombasa mwaka 1927.

Kwahiyo Beit al-Sahel unaloliona leo kwa sehemu kubwa ni lililojengwa upya baada ya mizinga. Beit al-Hukm halikujengwa tena. Beit al-Ajaib likafanyiwa matengenezo na mnara mpya wa saa ukajengwa kwenye jumba lenyewe. Kuanzia 1911 Waingereza walilifanya ofisi za serikali yao, na sultani akawa anakaa hili la jirani, Beit al-Sahel. Hiyo tu inakuonesha nani alikuwa anatawala.

Alieishi humo mda mrefu kuliko wote ni Sultani Khalifa bin Harub, kuanzia 1911 mpaka alipofariki Oktoba 1960. Miaka 49. Huyu ndo sultani wa utoto wa bibi. Ghorofa ya juu ni vyumba vyake na vya wake zake, na hapo ndo pananigusa kwasababu unaacha kuona historia unaanza kuona chumbani kwa mtu. Kuna vitanda, vioo, meza ya kujipambia. Na kuna kabati la fomaika. Chini umetoka kuona viti vya mti mweusi vilivyochongwa mpaka kwenye miguu, vizito hata watu wanne hawanyanyui, alafu unafika chumbani kwa sultani unakuta fomaika ya miaka ya 50, ile laini inayong'aa, kingo zake nyembamba. Bibi akaliona akasimama. "Hee! La Bi Mkubwa hili." Shangazi yake, ambaye ndo aliyemlea, alikuwa na kabati la namna ile, alilinunua kwa kudunduliza, na bibi mwenyewe bado analo, mlango mmoja umelegea unafungwa na kitambaa. Akaniambia angejua kwamba sultani naye analo hilo hilo, shangazi yake angetamba mtaa mzima.

Hapo ndo akaniambia habari ya geti, nilikuwa siijui. Shangazi yake alikuwa anapika vitumbua alfajiri, na bibi akiwa na miaka kama 10, hapo ni 1956 hivi, kazi yake ilikuwa kuzungusha kikapu kabla ya kwenda chuoni. Wateja wake wa kwanza walikuwa askari wa Kasri, kwenye mlango wa nyuma upande wa ndani ya mji. Anasimama nje, askari wanatoa mkono wanachukua, wanampa senti kumi kumi, zile za tundu katikati, anazitunga kwenye uzi. Miaka karibu minne. Hakuwahi kuambiwa ingia na hakuwahi kuomba. Ila anasema mlango ukiwa wazi alikuwa anaona kipande cha ua, kidogo tu, na mtu anafagia, na kila siku akirudi nyumbani alikuwa anawadanganya wenzake kwamba leo kaona hiki leo kaona kile.

Uhuru ulikuja tarehe 10 Desemba 1963, na siku 33 baadae yakaja mapinduzi. Bibi alikuwa msichana wa miaka 17 na anachokumbuka ni kufungiwa ndani, risasi, na mitungi kuisha maji. Zaidi ya hapo hasemi, na mi simlazimishi, watu wengi walikufa siku zile, wengine walikimbia hawakurudi, na kuna nyumba hapa mjini habari hiyo bado haizungumzwi mbele ya watoto. Kasri likabadilishwa jina likawa jumba la watu, likatumika kwa shughuli za serikali. Jina la watu, ila mtu kama bibi bado hakuwa na la kumpeleka mle. Mpaka mwaka 1994 likafunguliwa kuwa makumbusho, na hapo sasa yeyote mwenye hela ya tiketi anaingia. Miaka 30 toka sultani atoke.

Kuna kitu nataka nikiseme kuhusu kutunza. Jirani yake, Beit al-Ajaib, kipande kikubwa cha varanda kilianguka mwaka 2012, likafungwa, na tarehe 25 Desemba 2020 wakati wa ukarabati upande wa mbele ukaporomoka na watu wawili wakapoteza maisha. Nililia siku ile, sioni haya kusema. Nyumba za chokaa zinataka kushughulikiwa kila mwaka, mvua ya masika ikiisha unapanda juu unatazama dari limevujia wapi, maji yakiingia kwenye boriti zinaoza taratibu na wewe chini huoni kitu mpaka siku ya siku. Na ukiziba ufa kwa saruji umeumaliza ukuta, kwasababu chokaa inapumua na saruji haipumui, unyevu unafungiwa ndani unakula jiwe. Mafundi wa zamani wanayajua haya na wanazidi kuzeeka. Mji wetu uliingizwa kwenye urithi wa dunia mwaka 2000 na tunajivunia, basi tuwape hao mafundi vijana wa kuwafundisha na tuwalipe vizuri. Ukitaka kwenda Kasri ulizia kwanza kama pamefunguliwa siku hiyo, isije ikawa wako kwenye matengenezo.

Turudi kwa bibi. Tulipomaliza juu nikadhani tunaondoka, tukapita na nje kwenye makaburi ya kifalme, pembeni tu ya jumba, alipozikwa Seyyid Said, aliyefia baharini mwaka 1856 akirudi kutoka Oman. Bibi akasoma Fatiha yake. Alafu akamgeukia yule kijana aliyemletea maji, akamuuliza, "Mwanangu, mlango wa nyuma uko wapi, ule waliokuwa wakikaa askari?" Yule kijana akafikiri kidogo, akasema bibi ule haupiti watu siku hizi. Bibi akamwambia sitaki kupita, nataka kuuona tu.

Akatupeleka. Kupita ua, kupita ndoo za rangi na mbao zimeegemezwa ukutani, mpaka kwenye mlango wa mbao umefungwa kwa komeo. Bibi akavua viatu, sijui kwanini, akausogelea. Chini palikuwa na upenyo kidogo unaingiza mwanga wa barabarani, miguu ya watu inapita. Akainama na goti lake lile lile akachungulia. Akakaa hivyo mda, alafu akanyoosha kidole kwenye ule upenyo akaniambia, "Pale. Kikapu nilikuwa nakiweka pale."